Huduma ya kufungua kesi mtandaoni, Mahakama Kuu ya Mombasa: inamfaa kiongozi anayepinga kung'olewa?

Kiongozi wa kuchaguliwa akisikia kwamba wenzake wameshatia saini za kumng'oa, hana muda wa kuzunguka na faili kwapani. Siku hizi mlango wake wa kwanza ni mfumo wa Idara ya Mahakama wa kufungua kesi kwa mtandao, efiling.court.go.ke, ulioanza Nairobi Julai 2020 na ambao kufikia 2024 ulikuwa umeenea nchi nzima. Hapa tunaupima kwa kazi moja tu: ombi la kikatiba la kuzuia au kubatilisha kuondolewa mamlakani, linalopelekwa Mahakama Kuu ya Mombasa. Hukumu yetu ni kwamba huduma ni nzuri, na kwa kesi ya dharura inaushinda mbali sana utaratibu wa zamani wa makaratasi. Kasoro yake kubwa ni kwamba haimwongozi mtu. Masijala hukagua ada na nyaraka, lakini hakuna atakayekwambia kwamba umebisha mlango usio wako au umemsahau mshtakiwa anayehitajika. Hayo utayajulia mbele ya jaji, pengine siku ileile ambayo hoja ya kukung'oa iko mezani.

Wanaohusika Mombasa ni watu wa aina chache. Yuko gavana, ambaye kuondolewa kwake kumewekwa katika kifungu cha 181 cha Katiba na kifungu cha 33 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012. Yuko spika wa bunge la kaunti, anayechaguliwa na wawakilishi na kuondolewa nao kwa kifungu cha 11 cha sheria hiyohiyo. Wako wawakilishi wa wadi 30, kuanzia Mji wa Kale hadi Mwakirunge, ambao viti vyao vinaweza kutangazwa wazi kwa sababu zilizotajwa katika kifungu cha 194 cha Katiba. Halafu wako viongozi wa walio wengi, wa walio wachache, na wenyeviti wa kamati, ambao hupoteza cheo bila kupoteza kiti. Wazee wa baraza la kijiji hawamo. Kwa kifungu cha 53 cha sheria ya kaunti wao huteuliwa, hawapigiwi kura, na mzee anayeachishwa hawezi kusimama juu ya hoja kwamba alichaguliwa na wananchi. Hoja yake ni haki ya kutendewa kwa utaratibu ulio sawa chini ya kifungu cha 47 cha Katiba, na hiyo nayo si hoja ndogo.

Ukishafungua akaunti, mfumo unakutaka uchague ngazi ya mahakama, kituo, kitengo na aina ya kesi. Ni kazi ya dakika chache. Hapo lakini ndipo kesi nzuri hufia.

Anayepinga matokeo ya uchaguzi wa mwakilishi wadi haendi Mahakama Kuu. Hiyo ni kesi ya uchaguzi, husikizwa na hakimu aliyeteuliwa na Jaji Mkuu, hufunguliwa ndani ya siku 28, na dhamana yake ya gharama ni shilingi 100,000. Anayepinga kuondolewa baada ya kuapishwa ndiye wa Mahakama Kuu, kwa mamlaka ya kifungu cha 165 cha Katiba. Mambo mawili hayo yanachanganywa sana, na kuyachanganya ni kupoteza siku ambazo huwezi kuzirudisha.

Kiongozi wa walio wengi aliyevuliwa cheo kwa barua ya chama ana njia nyingine kabisa. Mzozo wake na chama huanzia ndani ya chama chenyewe, kisha Jopo la Mizozo ya Vyama vya Kisiasa, na sheria inamtaka aonyeshe ushahidi kwamba alijaribu kweli kuumaliza ndani kabla ya kufika jopo. Ushahidi huo ni barua yenye tarehe, uthibitisho kwamba ilipokewa, na jibu au ukimya uliofuata. Akirukia Mahakama Kuu moja kwa moja, mawakili wa upande wa pili watasimama na pingamizi la awali hata kabla ya kiapo chake kusomwa. Ila ikiwa malalamiko yake si dhidi ya chama bali dhidi ya spika aliyevunja Kanuni za Kudumu alipotangaza mabadiliko, hapo Mahakama Kuu inaweza kuwa na la kusema. Ombi na liseme waziwazi ni lipi kati ya hayo mawili.

Spika ana utata wake. Kesi za maspika wa kaunti zimewahi kusikizwa Mahakama Kuu na pia katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Wafanyakazi, ambayo nayo ina kituo Mombasa. Kifungu cha 165(5) cha Katiba kinaizuia Mahakama Kuu kugusa mambo ya mahakama hiyo ya leba. Ushauri wetu ni kuzisoma hukumu za karibuni kwenye tovuti ya Kenya Law, ambayo ni ya bure, kisha kuandika aya mbili ndani ya ombi zinazoeleza kwa nini mahakama uliyoichagua ndiyo yenye mamlaka. Ni mawakili wachache wa Kenya wasioinukuu hukumu ya 1989 ya meli Lillian S, iliyosema kwamba mahakama isiyo na mamlaka haina budi kuweka kalamu chini. Jaji akifika hapo, hata ungekuwa na haki tele, kesi haina pa kusimama.

Sasa mfumo wenyewe. Asiye na wakili anaweza kufungua akaunti ya mtu binafsi kwa kitambulisho, nambari ya simu na barua pepe. Barua pepe iwe ya mlalamishi mwenyewe, si ya kijana wa saiba, kwa kuwa taarifa zote za kesi zitapitia huko. Nyaraka hupakiwa zikiwa PDF, kila moja peke yake na kwa jina lake: hati ya dharura, maombi ya amri za muda, kiapo cha kuyaunga mkono, ombi lenyewe, na kiapo cha kuliunga mkono ombi pamoja na viambatisho. Kuzikusanya zote katika faili moja kubwa ni kosa la kawaida, na hukuchelewesha mara mbili: faili hugoma kupanda, na ikipanda, msomaji haoni hati ya dharura iko wapi. Baada ya kupakia, ada hukadiriwa, ankara hutoka, unalipa kwa simu, kisha kesi hupewa nambari yenye herufi E mbele yake.

Muda wa kuangalia kwa makini ni ule kati ya kupakia na kukadiriwa ada. Kesi ambayo haijalipiwa haijafunguliwa, hata kama nyaraka zote unaziona kwenye skrini. Anayepakia Ijumaa jioni kwa kutegemea hoja izuiwe Jumatatu asubuhi amejitia hatarini, maana faili lazima lipite kwa mtu wa masijala kisha lifike kwa jaji wa zamu. Pakia asubuhi. Ukiona saa zinakwenda na ankara haijatoka, nenda masijala mwenyewe na nakala ya hati ya dharura mkononi, uulize kwa heshima. Wale wafanyakazi wanajua tofauti kati ya dharura ya kweli na dharura ya kujitungia, na hati yenye tarehe ya hoja ya bunge iliyopigiwa mstari husaidia kuliko maneno mengi.

Viapo ndivyo vinavyoangusha watu wanaojitegemea. Kiapo hutiwa saini mbele ya kamishna wa viapo, si nyumbani, na kila kiambatisho hupigwa muhuri na kupewa alama yake. Kinachoskaniwa ni nakala iliyokamilika baada ya muhuri. Kurasa zipewe nambari mfululizo kutoka ya kwanza hadi ya mwisho, ili wakili aseme "ukurasa wa 47" na jaji afike hapo mara moja akiwa kwenye kikao cha mtandao. Skani ya simu yenye kivuli cha mkono juu ya saini huzua maswali yasiyo ya lazima.

Lugha nayo ni kikwazo ambacho sisi wa Pwani tuna haki ya kukilalamikia. Mfumo ni wa Kiingereza, na kwa kifungu cha 86 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai, lugha ya Mahakama Kuu ni Kiingereza. Wadi zetu huendesha mikutano kwa Kiswahili, na jumbe za WhatsApp za makundi ya wawakilishi mara nyingi ni za Kiswahili vilevile. Kila waraka wa namna hiyo uambatishwe pamoja na tafsiri, na mtafsiri aapie kwamba ni sahihi. Mwakilishi aliyechaguliwa kwa lugha ya watu wake asingepaswa kulipia tafsiri ili asikizwe. Maadamu sheria ndivyo ilivyo, gharama hiyo iwekwe kwenye hesabu tangu mwanzo.

Tukija kwenye ombi lenyewe, kinachofuatwa ni kanuni za 2013 za kulinda haki za msingi, ambazo wengi huziita Kanuni za Mutunga. Kanuni ya 10 inataka jina na anwani ya mlalamishi, mambo yaliyotokea, vifungu vya Katiba vilivyovunjwa, madhara yaliyopatikana au yanayonyemelea, kesi nyingine yoyote inayohusiana na jambo hilo, nafuu inayoombwa, na saini. Hilo la kesi nyingine lisichukuliwe kwa wepesi. Ikiwa mpiga kura wa wadi yako, au mwenzako wa chama, ameshafungua kesi Nairobi juu ya hoja ileile, itaje. Anayeomba amri bila upande wa pili kuwapo ana wajibu wa kumweleza jaji kila kitu, hata kinachomuumiza, na amri iliyopatikana kwa kuficha huvunjwa mara ukweli ukijulikana.

Hoja zinazobeba kesi za aina hii ni za kalenda na hesabu. Wanasiasa hupenda kujaza kiapo kurasa ishirini za kueleza jinsi wanavyochukiwa na nani amelipwa na nani. Jaji hana la kufanya nazo. Anachoweza kukishika ni siku ambazo sheria ilizitaja na hazikuzingatiwa, saini ambazo hazikutosha, kura ambazo hazikufika.

Mfano mzuri ni wa Kericho, Oktoba 2024. Wawakilishi 31 kati ya 47 walipiga kura ya kumbandua gavana. Thuluthi mbili ya 47 ni 31 na sehemu, na mtu hagawanyiki, kwa hivyo zilihitajika kura 32. Jambo lilipofika Seneti lilikomea hapohapo, mashtaka yenyewe hayajaguswa. Kwa hivyo kiambatisho cha kwanza kiwe Hansadi, yaani kumbukumbu rasmi ya mijadala ya bunge, ya kikao cha kura, pamoja na orodha rasmi ya wajumbe wote wa bunge, wa kuchaguliwa na wa kuteuliwa. Sheria inahesabu wajumbe wote, si waliohudhuria siku ile.

Kwa gavana, hesabu huanza na thuluthi moja ya wajumbe kuunga mkono notisi ya hoja. Hoja ikipita kwa thuluthi mbili, spika wa kaunti ana siku mbili za kumjulisha Spika wa Seneti, naye ana siku saba za kuitisha kikao. Seneti ikiunda kamati maalum, ni ya watu 11 na ina siku kumi za kuchunguza. Muda huo wote gavana yuko kazini. Hoja ikianguka, mashtaka yaleyale hayarudi mezani mpaka miezi mitatu ipite. Kwa spika, notisi hupelekwa kwa karani wa bunge ikiwa na saini za thuluthi moja ya wajumbe na sababu zimetajwa. Hoja huletwa ndani ya siku 11, na spika lazima apewe nafasi ya kujibu kabla ya mjadala na kura. Barua ya mwaliko wa kujitetea, saa ilipopokewa, na muda aliopewa kujibu ndivyo vya kuambatisha.

Kwa mwakilishi wadi, sababu inayoleta ugomvi zaidi ni ile ya kukosa vikao vinane bila ruhusa ya maandishi ya spika na bila maelezo ya kuridhisha. Hapa kesi ni ya daftari. Tafuta sajili ya mahudhurio ya kila kikao kinachotajwa, kwa tarehe. Angalia kama kikao kilifanyika kweli au kiliahirishwa kwa kukosa akidi. Linganisha na ratiba ya kamati: mjumbe aliyetumwa na bunge lenyewe kwenda ziara ya kamati Taita au Kwale hakosi kwa ukaidi, na barua ya safari pamoja na hati ya marupurupu vitathibitisha. Barua za hospitali ziwe na tarehe zinazolingana na vikao, siku kwa siku. Ruhusa ya mdomo haitoshi kwa sababu Katiba inasema maandishi. Aliyekuwa na ruhusa ya mdomo tu atalazimika kuegemea sehemu ya pili ya kifungu, yaani maelezo ya kuridhisha, na aonyeshe kwamba hakuulizwa maelezo hayo kabla ya kiti kutangazwa wazi.

Wapigakura kumwita nyumbani mwakilishi wao, yaani kumwondoa wao wenyewe kabla ya muda wake kwisha, ni njia tofauti. Mwaka 2017 Mahakama Kuu ilibatilisha vifungu kadhaa vya utaratibu huo, na Sheria ya Serikali za Kaunti ikarekebishwa 2020. Saini zinazotakiwa ni za asilimia 30 ya wapigakura waliosajiliwa katika wadi. Wadi yenye wapigakura 20,000 inahitaji 6,000. Zaidi ya hayo, mchakato hauanzi kabla ya miezi 24 tangu uchaguzi wala ndani ya miezi 12 ya mwisho kabla ya uchaguzi mkuu. Mwakilishi anayeipinga aombe orodha ya saini aikague kwa nambari za vitambulisho, na aishtaki pia tume ya uchaguzi, IEBC, kwa kuwa ndiyo inayoipokea na kuikagua.

Hati za bunge hazipatikani kwa urahisi, na mfumo wa mtandao haukusaidii hapo. Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inampa mwenye taarifa siku 21 kujibu, muda ambao hoja inaweza kuwa imekwisha kupita. Mwandikie karani wa bunge siku ileile uliyopata fununu, umtake Hansadi, Kanuni za Kudumu zinazotumika, notisi na sajili, umpe siku mbili, na uhifadhi nakala yenye muhuri wa mapokezi. Asipojibu, barua hiyo yenyewe inakuwa ushahidi, na unaweza kumwomba jaji aamuru hati ziletwe. Kama notisi ilikujia kwa WhatsApp, picha ya skrini peke yake haitoshi. Ambatisha cheti cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinachoeleza simu iliyotumika, nani aliyechapisha picha hiyo, na kwamba simu ilikuwa ikifanya kazi sawasawa.

Dharura si pambo. Kwa Kanuni ya 15, chombo cha serikali kina siku 14 za kujibu ombi baada ya kufikishiwa, na washtakiwa wengine siku saba. Ziweke kando ya siku za kifungu cha 33 utaona kwamba ombi lisilo na amri za muda litasikizwa gavana akiwa ameshaondoka. Kwa hivyo Kanuni ya 23, inayompa jaji uwezo wa kutoa amri ya kuhifadhi hali ilivyo, ndiyo moyo wa huduma hii. Mahakama ya Juu ilieleza mwaka 2014, katika kesi ya Gatirau Peter Munya, kwamba amri hizo zina sura ya umma. Haitoshi kuonyesha kwamba kesi ina uzito na kwamba ushindi wa baadaye utakuwa bure bila amri. Lazima uonyeshe pia kwamba maslahi ya umma yanataka hivyo. Andika aya nzima juu ya wakazi wa wadi watakaokaa bila mwakilishi wakati wa bajeti, au gharama ya uchaguzi mdogo utakaobatilishwa baadaye. Waombaji wengi hulisahau hili na kuandika juu ya mshahara wao.

Kwenda mapema mno nako ni kosa. Ukifungua kesi kwa tetesi za saini zinazozunguka hotelini Nyali, utaambiwa hakuna jambo la kuamua bado, na kwamba mahakama haiingilii kazi za ndani za bunge. Mawakili wa bunge wataitaja pia Sheria ya Mamlaka na Haki za Mabunge ya Kaunti ya 2017. Subiri notisi rasmi, kisha usilale. Mahakama ya Rufaa ilishasema katika kesi ya Gavana Martin Wambora wa Embu kwamba kumwondoa gavana ni mchakato wa kisiasa na wa kikatiba ambao una sura ya kimahakama ndani yake, na kwa hiyo haki ya kusikizwa lazima izingatiwe. Huo ndio mlango wako: hutaki jaji apige kura badala ya wawakilishi, unataka ahakikishe wamefuata sheria walipopiga.

Amri ikitoka, nusu ya kazi ndiyo imeanza. Amri huandikwa, hutiwa saini na kupakuliwa kwenye akaunti yako, kisha ifikishwe kwa bunge la kaunti, spika na karani, kila mmoja kwa jina lake. Tangu 2020 kanuni zinaruhusu kufikisha hati kwa barua pepe na kwa WhatsApp, jambo ambalo limeokoa safari nyingi. Kwa amri ya kusimamisha hoja, hata hivyo, tumia pia mfikishaji hati aliyesajiliwa aende afisini apate muhuri, na aape kiapo chake saa hiyohiyo. Mtu hashtakiwi kwa kuidharau mahakama ikiwa anaweza kusema hakujua. Mwaka 2014 Bunge la Embu liliendelea na hoja ya kwanza dhidi ya Wambora huku amri ya mahakama ikiwapo, na Mahakama Kuu ikaubatilisha uamuzi huo. Uthibitisho wa kufikisha amri ndio unaowezesha hukumu ya namna hiyo.

Wakazi wa Mombasa hawahitaji kukumbushwa kwamba kubanduliwa hakumalizi mambo siku ya kura. Mike Sonko aling'olewa ugavana wa Nairobi Desemba 2020, akaja kutafuta ugavana wa Mombasa 2022. Julai mwaka huo Mahakama Kuu hapa ilimpa nafuu, lakini tarehe 15 Julai Mahakama ya Juu ikathibitisha kubanduliwa kwake, na jina lake halikufika kwenye karatasi ya kura. Kifungu cha 75 cha Katiba kinamzuia aliyeondolewa kwa kuvunja maadili ya Sura ya Sita kushika wadhifa mwingine wa serikali. Kwa hiyo nafuu zinazoombwa zisikomee kwenye kusimamisha. Ombi liseme pia kwamba azimio lifutwe na sababu zilizotolewa zitangazwe kuwa batili. Kama nafuu haikuombwa, usitegemee kuipata.

Nchi nyingine zinazochagua viongozi wa vijiji moja kwa moja zina somo la kutufaa. Mwaka 2024 Mahakama ya Juu ya India ilimrudishia cheo mwanamke aliyekuwa mkuu wa baraza la kijiji cha Vichkheda, jimbo la Maharashtra, aliyeondolewa kwa madai kwamba aliishi katika nyumba iliyojengwa kwenye ardhi ya serikali. Majaji walisema kumwondoa mtu aliyechaguliwa si jambo la kuchukuliwa kwa wepesi, hasa akiwa mwanamke wa kijijini. Wawakilishi wanawake wa kaunti zetu, wanaoandamwa kwa sababu za nyumbani kwao zilizovikwa nguo ya sheria, wana haki ya kuitaja hukumu hiyo. Haimfungi jaji wa Mombasa, lakini inaweza kumshawishi.

Vikao vya kutajwa kwa kesi hufanyika sana kwa mtandao. Kiungo hupatikana kwenye orodha ya kesi za siku. Ingia mapema, andika nambari ya kesi kabla ya jina lako, uzime maikrofoni mpaka uitwe. Kwa mtu wa Likoni au Mtongwe huu ni ukombozi: hasubiri feri kwa kesi ya dakika tano. Kusikizwa kwa maombi mazito tunapendekeza uwe ukumbini, hasa ikiwa kura za Hansadi zitahesabiwa mbele ya jaji.

Kwa kasi na uwazi tunaupa mfumo alama 4 kati ya 5. Unaona kila hati iliyopakiwa na upande wa pili, unaona maagizo, na hakuna faili linalopotea kabatini. Kwa mwongozo tunaupa 2: ukurasa mmoja tu wa Kiswahili unaoeleza kesi gani iende mahakama gani ungewaokoa watu wengi. Mwenye uwezo wa kumlipa wakili wa mambo ya katiba amlipe, hata kama ni kwa kuandikiwa ombi tu. Asiye na uwezo anaweza kuifanya mwenyewe, mradi kalenda na hesabu zake zimekamilika.

Ukishindwa, siku zinaanza kukimbia mara moja. Notisi ya rufaa hupelekwa ndani ya siku 14 tangu uamuzi, na rekodi ya rufaa ndani ya siku 60 tangu notisi. Kiti kikiwa hatarini, ombi la kusimamisha utekelezaji hupelekwa Mahakama ya Rufaa chini ya kanuni ya 5(2)(b), na mahakama hiyo ina kituo hapahapa Mombasa. Barua ya kuomba nakala za mwenendo wa kesi iandikwe ndani ya siku 30, na nakala yake ifikishwe kwa upande wa pili. Isipofikishwa, muda wote uliotumika kuchapa mwenendo huo utahesabiwa ndani ya siku zako 60.